Leseni ya ujenzi na haki ya kuandamana: jibu kwa mkaazi wa Amu

"Assalaam alaykum, wakili. Mimi ni mkaazi wa kisiwani Amu. Pembeni mwa mtaa wetu, ufuoni, inajengwa hoteli. Kibao cha ujenzi kimesimamishwa, na msimamizi ametuonyesha leseni ya NEMA, ile mamlaka ya kitaifa ya mazingira, pamoja na idhini ya kaunti, lakini sisi hatukumbuki kuitwa kwenye kikao chochote. Ukuta wao umeanza kuziba njia ambayo wavuvi wetu wameipita kwenda madauni tangu enzi za wazee wetu. Tumekubaliana kuandamana. Wazee wanataka twende kwa amani tukawasilishe barua, lakini vijana wanasema hilo halitamshtua mtu yeyote. Wao wanataka tukae gatini ili mawe, mchanga na simiti visishushwe majahazini mpaka kazi isimame. Afisa mmoja wa polisi ametuambia hatuwezi kuandamana bila kibali chake, na kwamba kupinga mradi wenye leseni ni kosa. Msimamizi naye anasema akicheleweshwa hata siku moja atatushtaki mmoja mmoja. Isitoshe, mdogo wangu hupata riziki yake papo hapo kwa kubeba mawe kwa punda. Je, haki yetu inaishia wapi, na ya mwenye kujenga inaanzia wapi? Mimi ndiye niliyeombwa kutia jina kwenye barua ya polisi, na ninaogopa."

Wa alaykum salaam, ndugu yangu. Umeuliza mambo kadhaa kwa pamoja, na sitayajibu kwa mpangilio ulioyauliza, kwa sababu liko moja ambalo hukuliuliza kabisa nalo lina tarehe ya mwisho, ambayo huenda inakaribia wakati nyinyi mnabishana juu ya gati. Nikikuelewa vyema, kinachokusumbua si maandamano yenyewe, bali ni kwamba kila upande unakupa karatasi au kauli inayokufanya uamini kuwa huna mahali halali pa kusimama. Mahali hapo papo, tena ni papana kuliko anavyokuambia afisa wa polisi, ingawa ni pembamba kuliko wanavyodhani vijana wenu.

Nianze na kauli ya afisa, kwa kuwa ndiyo iliyo rahisi kusahihisha. Kifungu cha 37 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mtu haki ya kukusanyika, kuandamana, kusimama mbele ya mahali anapopalalamikia na kuwasilisha malalamiko kwa mamlaka za umma, mradi afanye hivyo kwa amani na bila silaha. Kibali hakitajwi humo. Sheria ya Utulivu wa Umma, ambayo ni Sura ya 56 ya Sheria za Kenya na ni kongwe kuliko Katiba hii, nayo haidai kibali katika kifungu chake cha 5, inadai taarifa. Mwandalizi humwandikia mkuu wa kituo cha polisi cha eneo hilo, yule tunayemwita OCS, si chini ya siku 3 na si zaidi ya siku 14 kabla ya siku yenyewe, akitaja majina yake kamili na mahali anapoishi, tarehe na saa, na uwanja wa mkutano au njia ya msafara. Shughuli yenyewe hufanyika kati ya saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni. OCS anaweza kuwakatalia ikiwa ameshapokea taarifa ya watu wengine kwa mahali na wakati ule ule, na hapo anawajibika kuwaarifu mara moja ili mpange siku nyingine. Anaweza pia kuzuia au kusimamisha mkutano unaokiuka masharti hayo, au pale panapokuwa na hatari ya wazi na ya karibu ya kuvunjika kwa amani. Nje ya hapo, kutoupenda ujumbe wenu si sababu ya kuwazuia.

Pelekeni barua hiyo nakala mbili, moja igongwe muhuri na irudi nanyi. Wakikataa kuipokea, ombeni jambo hilo liandikwe kwenye kitabu cha matukio na mpewe nambari ya OB. Wakikataa na hilo pia, mmoja wenu aandike saa, tarehe na cheo cha aliyekataa, kwani siku mkifikishwa mbele ya hakimu karatasi hiyo moja itakuwa na uzito kuliko mashahidi kumi wanaokumbuka kwa ujumla. Kuhusu njia mtakayoitaja, nawashauri muuepuke usita wa mui, yaani njia kuu ya ndani ya mji. Uchochoro ule hauwezi kubeba msafara, punda na mgonjwa anayekimbizwa hospitali kwa wakati mmoja, na msongamano ukitokea humo ndio utakaopigwa picha, si mabango yenu. Upande wa mbele ya maji hadi uwanja wa Mkunguni, chini ya ngome, una nafasi zaidi na watu wengi zaidi wa kuwasikia. Jingine la kwetu Lamu: kaunti hii imewahi kuwekewa kafyu, mwaka 2014 baada ya mashambulizi ya Mpeketoni na tena mwaka 2017, kwa hiyo kabla ya kupanga saa hakikisheni kwamba hakuna amri ya aina hiyo inayotumika wakati huo.

Juu ya jina lako katika barua, hofu yako ninaielewa, wala sitakuambia kwamba haina msingi wowote. Sheria inamtaka mwandalizi, au mtu aliyemwakilisha, awepo tangu mwanzo hadi mwisho na awasaidie polisi kudumisha utulivu. Maana yake ni kwamba likiharibika jambo, wa kwanza kuulizwa ni wewe. Hata hivyo kutia jina si kukiri kosa. Wasiotia jina na kutoka barabarani bila taarifa ndio wanaojiweka pabaya zaidi, kwa sababu waandalizi wa mkutano usio na taarifa wanaweza kushtakiwa kwa hilo peke yake. Msiandike jina moja. Andikeni watatu, mmoja akiwa mzee anayeheshimika na pande zote, na mteue wasimamizi wenye kitambaa cha rangi moja mkononi ambao kazi yao itakuwa kumtoa pembeni yeyote atakayeinua jiwe.

Sasa leseni. Kauli ya kwamba kupinga mradi wenye leseni ni kosa haina mguu wa kusimamia. Leseni ya mazingira inamwambia mwenye mradi kwamba anaweza kufanya kazi fulani kwa masharti fulani. Haiwaambii majirani wanyamaze. Uhuru wa kujieleza uliomo katika kifungu cha 33 cha Katiba hauna upeo unaosema "isipokuwa juu ya majengo yaliyoidhinishwa", na kwa hakika maandamano mengi duniani hupinga mambo ambayo serikali imekwisha kuyaidhinisha, maana yasiyoidhinishwa hayahitaji maandamano, yanahitaji askari wa kaunti. Lakini geuzeni upande wa pili wa shilingi hiyo bila kujidanganya: kutoupenda mradi hakuufanyi uwe haramu. Mpaka chombo chenye mamlaka kitakapoifuta au kuisimamisha leseni, mwenye kujenga ana haki ya kujenga, mali yake inalindwa na kifungu cha 40, na fundi aliye juu ya jukwaa ana haki ya kushuka jioni akiwa mzima na kulipwa ujira wake.

Hapa ndipo penye uzito, na ningependa uwaeleze vijana taratibu. Haki zote hizi, yenu na yake, zinaweza kuwekewa mipaka, na mizani inayotumika imo katika kifungu cha 24: mpaka uwe umewekwa na sheria, uwe wa busara, na usizidi kile kinachohitajika ili haki za wengine zisiumizwe. Jaji anayeamua mzozo kama wenu haulizi ni nani mwenye haki, kwa sababu pande zote mbili zinazo. Huuliza kizuizi kilidumu muda gani, kilikuwa mahali gani, kiliwaangukia kina nani, kama palikuwa na njia nyingine ya kufikisha ujumbe ule ule, na kama usumbufu ulikuwa matokeo ya kawaida ya watu wengi kukusanyika au ndio ulikuwa shabaha yenyewe. Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa, inayosimamia mkataba ambao Kenya ni mwanachama wake tangu 1972, ilitoa maelezo marefu mwaka 2020 juu ya haki ya kukusanyika, na ndani yake ilisema kwamba kusukumana kidogo au kukatiza mwendo wa magari, wapita njia na shughuli za kila siku si vurugu. Ilisema pia kwamba watu waruhusiwe, kadiri inavyowezekana, kukusanyika pale ambapo wanayemlenga anaweza kuwaona na kuwasikia. Kwa hiyo anayewaambia mwandamane kilomita tano kutoka kiwanjani, mahali ambapo hakuna wa kuwasikia, hajaipima haki yenu ipasavyo. Na msafara unaopita gatini na kuchelewesha upakuaji kwa nusu saa hauwi haramu kwa sababu ya nusu saa hiyo.

Kulifunga gati mpaka kazi isimame ni jambo la aina nyingine. Lengo hapo halibaki kuwa kumshawishi mtu. Linakuwa kumlazimisha, na nyinyi mnajipa kazi ya mahakama. Tazameni pia ni nani atakayebeba mzigo wake. Kisiwani petu mizigo haifiki kwa lori. Kila jiwe, kila mfuko wa simiti, na vile vile kila gunia la unga, mtungi wa gesi na dawa ya duka la dawa, hupita majini na kushushwa mahali pale pale. Mwenye hoteli ana akiba ya simiti ya siku kadhaa. Mchukuzi hana akiba ya siku hata mbili. Mgonjwa anayevushwa kutoka ng'ambo hana akiba yoyote. Siku ya pili ya kufunga gati, lawama zitakuwa zimehama kutoka kwa mwenye ukuta hadi kwenu, na wakili wake atakuwa tayari mahakamani na picha za majahazi yaliyokwama akiomba amri ya kuwazuia. Kwa maoni yangu ataipata. Mimi singewashauri, na si kwa sababu vijana hawana sababu ya kukasirika.

Yapo na mambo yanayovuka mstari bila mjadala, nayo niyataje haraka. Kuingia ndani ya kiwanja au kukataa kutoka ukiambiwa utoke kunaangukia Sura ya 294, inayohusu kuingia mali ya mtu bila idhini. Kubomoa ukuta, hata ule mnaoamini umesimama juu ya njia yenu, ni uharibifu wa mali chini ya kifungu cha 339 cha Kanuni ya Adhabu. Watu watatu au zaidi wakikusanyika kwa namna inayowafanya majirani waogope kwamba amani itavunjika, wanaweza kushtakiwa kwa mkusanyiko haramu. Kuwatishia mafundi, kuwapiga picha nyuso na kuwatangaza kama wasaliti, au kumzuia mwenye punda asipite, hakuna mahakama itakayosema kwamba huko ni kutumia uhuru wa kujieleza.

Kuhusu ufuo wenyewe kuna jambo ambalo watu wengi hawalijui, wakiwemo baadhi ya wenye hoteli. Kifungu cha 62 cha Katiba kinaitaja ardhi yote iliyo kati ya maji yanapojaa na yanapokupwa kuwa ardhi ya umma. Hati ya mtu haishuki mpaka huko. Mkisimama na mabango yenu kwenye mchanga huo, mbele ya ukuta wao, hamjaingia kwa mtu. Ila mpange saa kwa kuangalia maji, maana wakati wa bamvua, maji yanapojaa kupita kawaida, pale mnapokusudia kusimama huenda pasiwepo, na kupanda juu ya kiwanja kukwepa maji kutawatoa kwenye haki na kuwatia kwenye kosa.

Sasa nije kwenye lile ambalo hukuliuliza. Leseni ilitolewa tarehe gani? Chini ya kifungu cha 129 cha Sheria ya Usimamizi na Uratibu wa Mazingira ya 1999, asiyeridhika na utoaji wa leseni ana siku 60 za kukata rufaa kwa Jopo la Kitaifa la Mazingira. Idhini ya kaunti ina muda mfupi zaidi: Sheria ya Mipango na Matumizi ya Ardhi ya 2019 inampa mhusika siku 14 kwenda kwa kamati ya uwiano ya kaunti, na kutoka hapo kwenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Siku hizi hazisimami kwa sababu watu wako barabarani. Nimeona makundi yenye hoja nzuri yakija afisini na mafaili manene ya picha za maandamano, yakiwa yamepitwa na tarehe. Ikiwa hamkujua habari za leseni mpaka kibao kiliposimamishwa, lisemeni hilo wazi na mthibitishe siku mliyojua, lakini msitegemee kuongezewa muda kama jambo la hakika. Msidhani pia kwamba kuwasilisha rufaa peke yake kutasimamisha kazi. Ombeni amri ya kusimamisha siku ile ile, mkieleza ni madhara gani yasiyorekebika yatatokea mkisubiri.

Watu wa Lamu hawahitaji mfano wa mbali. Mradi wa umeme wa makaa ya mawe uliokusudiwa kujengwa Kwasasi, wa megawati 1,050, ulipewa leseni ya NEMA Septemba 2016. Wakaazi kupitia Save Lamu walikata rufaa Novemba mwaka huo huo, ndani ya zile siku 60, na tarehe 26 Juni 2019 Jopo likaifuta leseni, sababu kubwa ikiwa kwamba wananchi hawakushirikishwa ipasavyo katika tathmini ya athari kwa mazingira. Oktoba 2025 Mahakama ya Mazingira na Ardhi ya Malindi ikaitupa rufaa ya mwenye mradi. Watu waliandamana sana katika miaka hiyo, na sidharau hata hatua moja waliyopiga. Maandamano yaliifanya nchi nzima ijue Kwasasi ni wapi. Lakini kilichoifuta leseni ni rufaa iliyowasilishwa kwa wakati, ikiwa na ushahidi wa vikao ambavyo havikufanywa jinsi sheria inavyotaka. Kesi ya bandari mpya ya Lamu ilikwenda kwa namna tofauti, na niitaje kwa uaminifu. Ilifunguliwa 2012, na Aprili 2018 Mahakama Kuu ikaamua kwamba haki za wakaazi za kupata habari, kushirikishwa na kulindiwa utamaduni na mazingira yao zilikiukwa, ikaagiza wavuvi wapatao 4,600 walipwe takribani shilingi bilioni 1.76. Bandari haikubomolewa, gati lake la kwanza lilizinduliwa Mei 2021. Mnaweza kushinda na jengo likabaki. Ni vyema mjue mapema mnachokidai ni kipi: hoteli isijengwe kabisa, au njia ya wavuvi irudi.

Nikisoma barua yako, naona mnachokidai ni njia. Kama ndivyo, mna hoja iliyo nyembamba na yenye nguvu zaidi kuliko kuupinga mradi mzima. Kifungu cha 28 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinatambua kwamba haki za njia zilizokuwepo wakati ardhi iliposajiliwa mara ya kwanza zinaendelea kuibana ardhi hiyo hata kama hazikuandikwa kwenye hati. Mtahitaji wazee wenye kueleza kwa viapo njia ilipita wapi na tangu lini, ramani ya upimaji, picha za zamani, na kumbukumbu za BMU yenu, yaani kikundi cha wavuvi cha kusimamia ufuo, zinazoonyesha madau yanafungwa wapi. Tena mwenye hoteli anaweza kukubali kusogeza ukuta kwa mita chache kwa gharama ndogo kuliko ile ya kesi, jambo ambalo hatalikubali akiambiwa avunje kila kitu. Nimeona suluhu za namna hii zikipatikana mbele ya wazee na mpimaji katika alasiri moja, baada ya miezi ya kutupiana maneno. Iwapo kiwanja kiko upande wa vilima vya mchanga vya Shela, ambavyo chini yake ndiko mji hupata maji matamu, au kiko ndani ya Mji wa Kale ulioorodheshwa na UNESCO mwaka 2001, hapo hoja zinabadilika na uzito wake unaongezeka, na Makavazi ya Kitaifa yanapaswa kuulizwa pia.

Ili kujua mnapigana na nini, ombeni karatasi zenyewe, si kuonyeshwa kwa mbali na msimamizi. Andikieni afisi ya NEMA ya kaunti mkitaka nakala ya leseni, masharti yake na ripoti ya tathmini, na idara ya mipango ya kaunti mkitaka idhini na ramani zilizopitishwa. Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 inawapa siku 21 kujibu, kwa hiyo iandikeni barua hiyo kabla ya kushona mabango. Masharti ya leseni mara nyingi ndiyo yenye dawa: umbali kutoka ufuoni, mahali pa kumwaga kifusi, saa za kazi, njia za kupita. Wakikiuka sharti, mradi wenye leseni unakuwa unafanya kazi nje ya leseni, na NEMA ina uwezo wa kuwasimamisha bila nyinyi kugusa gati. Kanuni za kelele za 2009, kwa njia, zinawabana wao na mashine zao na zinawabana nyinyi na vipaza sauti vyenu vile vile.

Msimamizi anayetishia kuwashtaki mmoja mmoja anazungumza zaidi ya anavyoweza kuthibitisha. Kuchelewa kulikosababishwa na mkutano halali wenye taarifa hakumpi fidia. Anayeweza kudaiwa ni yule aliyeziba, aliyevunja au aliyeingia. Nyongeza ni moja ambayo watu huisahau: mabango. Andikeni "Rudisheni njia ya wavuvi", andikeni "Hatukushirikishwa", lakini msiandike kwamba fulani alihonga ikiwa hamna ushahidi, maana hiyo ni kesi ya kuchafuliwa jina na inaweza kufunguliwa dhidi ya mtu mmoja mmoja kama alivyosema. Akipata amri ya mahakama ya kuwazuia, itiini hata mkiamini ni ya dhuluma; amri iliyotolewa bila nyinyi kusikilizwa kwa kawaida haizidi siku 14, na mahali pa kuipinga ni mahakamani kabla ya siku hizo kwisha. Kuikaidi kutawapeleka jela kwa kosa lisilohusiana na hoteli wala njia.

Mdogo wako asibebeshwe ugomvi huu. Kufanya kazi pale si kuwaunga mkono wala kuwasaliti, na msimtume awatolee karatasi au picha kutoka ndani, kwani akifukuzwa kwa hilo hatakuwa na la kujitetea. Sitaki pia kukufariji kwa uongo: anayelipwa kwa siku ana ulinzi mdogo, na msimamizi anaweza tu kuacha kumwita kesho. Ndiyo maana wazee wenu wafanye jambo moja kabla ya maandamano: wakutane na wachukuzi na wenye punda, wawaambie siku, saa na njia, na wawahakikishie kwamba mizigo yao itapita. Mkipata hata wachache wao kusimama nanyi kwa saa moja baada ya kazi, sauti yenu itasikika mbali kuliko gati lililofungwa.

Kuna hali ambazo jibu la kusoma halitoshi na inakubidi umwone wakili ana kwa ana bila kungoja. Mojawapo ni leseni ikiwa imekaribia au imepita siku 60. Hapo njia iliyobaki huenda ikawa ombi la kikatiba chini ya kifungu cha 70, ambacho hakimtaki mlalamikaji athibitishe kwamba ameumia yeye binafsi, ingawa mahakama itauliza kwa nini hamkwenda kwanza kwa Jopo. Nyingine ni mkiletewa karatasi yoyote ya mahakama, hata kama aliyeileta ameibandika mlangoni. Ya tatu ni mtu akikamatwa: ana haki ya kuelezwa sababu, kunyamaza, kuwasiliana na wakili, na kufikishwa mahakamani ndani ya saa 24, au siku ya kwanza ya mahakama ikiwa saa hizo zimeishia nje ya wakati wa kazi. Polisi wakitumia nguvu, majeraha yaandikwe hospitalini siku hiyo hiyo na malalamiko yapelekwe IPOA, mamlaka huru inayochunguza mienendo ya polisi. Msio na uwezo wa kulipa mnaweza kuomba msaada chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016.

Utakapokwenda kwa wakili, chukua picha ya kibao cha ujenzi inayosomeka, hasa jina la mkandarasi na nambari za idhini, nakala ya barua ya polisi yenye muhuri, mchoro wa njia uliochorwa na mzee anayeijua, na karatasi moja yenye tarehe mbili: siku leseni ilipotolewa na siku mliyoiona kwa mara ya kwanza. Mpe hiyo ya mwisho kwanza.